Waliulizia Kivuli, Wakaonyeshwa Dhahabu

Hezekia mfalme wa Yuda alikuwa na umri wa miaka 39 hivi alipoletewa habari za kifo chake. Hesabu yenyewe haina shida: alitawazwa akiwa na miaka 25, akatawala miaka 29, na 15 ya mwisho ndiyo ile aliyoongezewa. Mleta habari hakuwa tabibu bali nabii, Isaya mwana wa Amozi, mtu asiyejua kupambapamba maneno. Alimwambia mfalme atengeneze mambo ya nyumba yake mapema, kwani kitanda kile hatakiacha akiwa hai. Akageuka, akaenda zake.

Ugonjwa ulikuwa jipu. Siku hizi jipu hupasuliwa zahanati, mgonjwa akaandikiwa vidonge vya siku saba na kurudi shambani kwake. Katika Yerusalemu ya karne ya 8 kabla ya Kristo, jipu baya lilitosha kumzika mfalme huku walinzi wake wote wakimtazama. Hezekia aligeuza uso ukutani, akaomba, akalia kilio cha mtu mzima. Isaya hajamaliza kuvuka ua wa kati, akaambiwa arudi: mfalme atapona, siku ya tatu atapanda kwenda hekaluni, na miaka 15 ameongezewa. Zikaletwa tini, zikabandikwa penye jipu. Na kwa kuwa mgonjwa aliomba ishara, kivuli cha jua kwenye madaraja ya baba yake Ahazi kikarudi nyuma madaraja kumi.

Mahubiri mengi hukomea hapa, na siwalaumu wahubiri. Ni habari tamu, inafaa wodini, inafaa ibada ya kuwaombea wagonjwa, na mwenye kuisikia huondoka amepata nguvu. Ila Biblia yenyewe haikomei hapa. Inaendelea na mambo ambayo mtu aliyekwisha kupona ndiye anayepaswa kuyasikia.

Kwanza, Hezekia alishukuru. Jambo hili lazima lisemwe wazi, maana bila hilo kisa chote kinaharibika. Alitunga wimbo, nao umehifadhiwa katika kitabu cha Isaya sura ya 38. Anaeleza humo jinsi alivyojiona amefika kwenye malango ya kuzimu, jinsi uhai ulivyokatwa kama mfumaji akatavyo nguo mtandeni, na jinsi Mungu alivyomrudisha. Kisha anatoa hoja ambayo naomba msomaji aiweke akilini, kwa sababu tutaihitaji mbele: walio hai ndio wanaoweza kumsifu Mungu, na baba ndiye atakayewajulisha watoto uaminifu wake. Kwa maneno mengine, mfalme anajua ameachwa duniani kwa kazi gani. Ameachwa ili asimulie.

Wala hakuwa mgeni katika kutoa. Mwezi wa kwanza wa mwaka wa kwanza wa utawala wake alifungua milango ya hekalu ambayo baba yake alikuwa ameifunga. Siku ya kuliweka wakfu upya, watu walileta ng'ombe 70, kondoo dume 100 na wana-kondoo 200 kwa sadaka ya kuteketezwa tu, mbali na mamia ya ng'ombe na maelfu ya kondoo wengine. Makuhani walizidiwa kazi ya kuchuna, ikabidi Walawi wawasaidie. Zaka zilipoanza kuletwa, chungu za nafaka zilirundikwa kuanzia mwezi wa tatu hadi wa saba. Kanisa lolote la leo lingemtamani mshirika wa namna hii kwenye baraza la wazee.

Basi inashangaza kumkuta mtu huyu ameandikiwa shtaka. Mwandishi wa Mambo ya Nyakati anampenda Hezekia kiasi cha kumpa sura nne nzima katika kitabu cha pili, kutoka ya 29 hadi ya 32. Lakini akifika karibu na mwisho anasita kidogo, kisha anasema kwamba mfalme hakulipa sawasawa na wema aliotendewa. Moyo ulimpanda, na ghadhabu ikawa juu yake, juu ya Yuda na juu ya Yerusalemu. Aliyetunga wimbo wa shukrani ndiye aliyeandikwa kuwa hakushukuru.

Sisi husema shukrani ya punda ni mateke, na tukisema hivyo tunamfikiria mtu mkorofi: kijana aliyesomeshwa akamtukana aliyemsomesha, jirani aliyekopeshwa akaja kukusengenya kilabuni. Hezekia hakumpiga mtu teke. Hakumkufuru Mungu wala hakusimamisha sanamu. Ndiyo maana kisa chake kinawahusu watu wa kanisani kuliko wale walioko nje. Kosa lake linaweza kufanywa na mtu mwenye adabu zake, akiwa amevaa vizuri, na Biblia ipo kwapani.

Ikawa wageni wakafika. Walitoka Babeli, kilomita zaidi ya 800 ukipima kwa mstari ulionyooka, na hakuna msafara uliowahi kupita kwenye mstari huo, kwa kuwa katikati ni jangwa. Njia hufuata mto Frati kwenda kaskazini, kisha hushuka tena kusini. Aliyewatuma ni Merodak-Baladani, mfalme aliyekalia kiti cha Babeli mara mbili, kuanzia 721 hadi 710 kabla ya Kristo, kisha kwa miezi michache mwaka 703. Alikuwa hasimu wa Ashuru, dola iliyotisha kila mtu siku zile, na bila shaka alikuwa akitafuta marafiki upande wa magharibi. Kitabu cha Wafalme kinasema walikuja na barua na zawadi kwa sababu bwana wao alisikia kwamba Hezekia alikuwa mgonjwa. Kitabu cha Nyakati kinaongeza sababu nyingine: walitumwa kuulizia ile ajabu iliyotendeka katika nchi.

Sababu hii ya pili haina chumvi hata kidogo ukiwajua Wababeli. Hawa walikuwa watu wa kutazama anga. Waliandika mienendo ya mwezi na nyota usiku baada ya usiku, na kumbukumbu zao zilidumu kuliko falme zao. Ptolemy wa Aleksandria, aliyeishi katika karne ya 2 baada ya Kristo, alipoandika kitabu chake cha elimu ya nyota alitumia kumbukumbu ya Wababeli ya kupatwa kwa mwezi kwa mwaka 721 kabla ya Kristo. Mwaka huo ulikuwa wa kwanza wa huyuhuyu Merodak-Baladani. Watu wa jumba lake walihesabu kila kivuli kilichopita juu ya mwezi. Wasikie kwamba katika mji fulani wa milimani kivuli cha jua kimerudi nyuma, wasifunge safari?

Tazama basi nafasi aliyopata Hezekia. Hakulazimika kupanda punda kwenda kuhubiri ugenini. Wapagani wenyewe, tena wasomi, wamevuka nchi wakiwa na swali moja mdomoni: hapa kwako kumetokea nini, na ni nani aliyefanya? Jibu analo. Ameshalitungia wimbo. Madaraja yale yapo uani, angeweza kuwashika mkono akawaonyesha kivuli kilianzia wapi na kikaishia wapi. Angeweza kufunua kovu.

Aliwaonyesha ghala. Fedha, dhahabu, manukato, mafuta ya thamani, kisha silaha zote. Hapakubaki mlango uliofungwa, si katika jumba wala katika milki yake. Isaya 39 inaeleza kwamba aliwafurahia wageni wale, na mimi naamini kabisa. Ni nani asiyefurahi kutembelewa na watu wazito waliosikia habari zake kutoka mbali? Namwona akitangulia mbele na funguo, akijibu swali la kivuli kwa haraka njiani ili wawahi kufika kwenye mitungi ya manukato.

Hapo ndipo shtaka la Nyakati linapopata maana. Mbele ya Mungu Hezekia aliimba vizuri. Alipokuja mtu kumuuliza, alijisimulia mwenyewe. Shukrani yake ilipimwa siku ya wageni, wala haikupimwa siku ya sadaka, na mwandishi anasema waziwazi kwamba katika jambo la wajumbe wale Mungu alimwacha ili amjaribu, ajulikane yaliyomo moyoni. Mtihani wenyewe ulikuja na barua za pole na zawadi. Kama ungekuja na upanga, nadhani angefaulu.

Kisha Isaya akaja tena. Aliuliza mambo matatu: watu hawa walisema nini? Walitoka wapi? Wameona nini nyumbani mwako? Hezekia alijibu kwamba wametoka nchi ya mbali, Babeli, na kwamba wameona kila kitu. Swali la kwanza hakulijibu. Soma sura ile mara mbili uone: nabii anauliza walisema nini, na mfalme anaruka kwenda kwenye swali la pili, akilitaja jina la Babeli kwa namna ambayo sikio la mtu wa pwani au wa bara litaitambua mara moja, ile namna ya kutaja wageni wa maana. Angejibu lile la kwanza angelazimika kusema kwamba waliulizia habari za Mungu.

Nimeketi kwenye ibada za shukrani za kutosha kuyajua mazingira haya. Mtu amepona, amepata mtoto baada ya kungoja muda mrefu, amehamia nyumba yake, amenusurika ajalini. Anaitisha watu. Turubai linafungwa, viti vya plastiki vinapangwa, wanawake wa ukoo wana sare ya kitenge, mshereheshaji amepewa kipaza sauti, kamera inaruka juu ya mikungu ya ndizi. Mchungaji anasema Mungu ni mwema, watu wanaitika kila wakati. Halafu mwenye shughuli anasimama kutoa ushuhuda. Dakika tatu za kwanza ni za Mungu, na ni za kweli, wengine hulia. Kisha ushuhuda unaanza kutembea. Tunapelekwa India tulikotibiwa, tunaambiwa bei ya tiketi na kwamba chumba kilikuwa cha mgonjwa mmoja chenye runinga. Tunarudi, tunaonyeshwa kiwanja, tunasikia vigae vilitoka wapi. Tukifika kwenye gari, kwaya inashtuka na kuanza kutafuta nota.

Hakuna uongo katika ushuhuda huo. Vigae ni vya kweli. Vilevile dhahabu aliyoonyesha Hezekia ilikuwa ya kweli, na yeye angeweza kujitetea kwamba alikuwa akionyesha baraka. Neno hilo limefunika mengi. Mtu anaweza kuorodhesha baraka saa nzima, na aliyemsikiliza akaondoka akimjua yeye vizuri na kumjua Mungu vilevile kama alivyokuja, huku akiwa na donda jipya la wivu juu yake. Yule aliyekuja akiwa na jipu lake mwenyewe, ambaye alitaka tu kujua kama kuna anayesikia mtu akilia ukutani, hakupata kitu.

Kenya jambo hili limekwenda mbali zaidi, kwani mwanasiasa aliyeshinda huandaa ibada ya shukrani, akapewa kipaza sauti, na shukrani ikageuka kuwa mkutano wa kampeni ya uchaguzi ujao. Mwaka 2021 Askofu Mkuu wa Kanisa la Anglikana la Kenya, Jackson Ole Sapit, aliwapiga marufuku wanasiasa kuhutubia kutoka mimbarini. Wapo waliolalamika. Lakini ukweli ni kwamba wanasiasa waliifanya kwa kelele kazi ambayo waumini wa kawaida walikuwa wakiifanya kwa sauti ya chini.

Sisemi karamu ni dhambi. Anayetaka kuipinga karamu asome Walawi sura ya 7, kwenye sheria ya sadaka ya amani itolewayo kwa shukrani. Nyama ya sadaka hiyo ilipaswa kuliwa siku ileile, isibaki mpaka asubuhi. Hebu fikiria maana yake nyumbani. Umechinja ng'ombe. Wewe, mke na watoto mtakula kilo ngapi kabla ya jogoo kuwika? Huna ruhusa ya kuihifadhi, huna ruhusa ya kuikausha. Njia iliyobaki ni kuwaita majirani, maskini wa mtaa, mjane wa nyumba ya tatu, hata yule mliyenuniana naye, na mkiwa mmekaa lazima mtu aulize: kwani leo kuna nini? Hapo ndipo unaposimulia. Sheria ile iliiondoa shukrani ghalani kwa nguvu. Iliwalazimisha watu kuwa na wasikilizaji, na wasikilizaji wenyewe wakawa wameshiba.

Kwenye sharika zetu nyingi, za Kilutheri hasa, sikukuu ya mavuno bado ina kitu cha sheria hiyo. Watu huleta walichonacho, mahindi, maharage, kuku aliyefungwa miguu, mkungu wa ndizi, na baada ya ibada kunafanyika mnada. Yai moja la bibi linaweza kupandishwa mpaka bei ya trei nzima na zaidi, likanunuliwa, likarudishwa, likauzwa tena. Wapo wanaoona mnada ni mchezo wa wenye nazo, na kuna mahali umekuwa hivyo kweli, watu wawili wakishindana kwa noti nyekundu huku waumini wengine wakigeuka watazamaji. Bado napenda kwamba yai la bibi linatajwa mbele ya watu wote na kwamba hakuna anayeulizwa nyumbani amebakiza mangapi.

Kuna upande wa pili ambao nao unahitaji kusemwa, kwa kuwa akishaogopa kujisifu mtu hukimbilia kichaka kingine. Anaulizwa amepona vipi, anajibu, ni Mungu tu. Amefauluje? Ni Mungu tu. Inasikika kama unyenyekevu, na mara nyingi ni unyenyekevu, ila wakati mwingine ni njia ya kukwepa deni la binadamu. Mjomba aliuza ng'ombe wawili ili ada ipatikane, muuguzi alikesha, dereva wa bodaboda alikimbiza mgonjwa usiku wa mvua na hakudai nauli, na wote wamefunikwa kwa maneno matatu matakatifu. Katika kisa cha Hezekia tini hazikujiponda zenyewe. Nabii aliyesema kwa jina la Mungu ndiye aliyeagiza dawa ya kubandika, na kuna mikono, haikutajwa jina, iliyoitwaa na kuiweka kwenye usaha wa mfalme. Kumshukuru Mungu hakujawahi kuwa sababu ya kumsahau mwenye mikono hiyo. Anayesema hana wa kumshukuru ila Mungu, huku mjomba ameketi mstari wa nyuma na kanzu yake ya zamani, amefanya hesabu ambayo nina wasiwasi Mungu mwenyewe haipokei.

Turudi Yerusalemu, maana hukumu ilikuwa bado. Isaya alimwambia mfalme kwamba siku zinakuja ambapo vyote vilivyomo nyumbani mwake, na vyote ambavyo baba zake waliweka akiba, vitachukuliwa kwenda Babeli, kisibaki kitu. Na baadhi ya watoto watakaotoka kwake watachukuliwa pia, wawe matowashi katika jumba la mfalme wa Babeli. Hezekia alijibu kwamba neno hilo ni jema, kisha akawaza moyoni kwamba angalau katika siku zake kutakuwa na amani.

Wafafanuzi hubishana juu ya jibu hili. Wengine wanaliona kuwa ni utii, mtu anayeinama chini ya hukumu bila kunung'unika. Ningependa kukubaliana nao, lakini ile nyongeza ya amani katika siku zake inanizuia. Huyu ni mtu aliyeimba kwamba baba atawajulisha watoto uaminifu wa Mungu. Sasa anaambiwa watoto watahasiwa ugenini, naye anapumua. Alipoambiwa kwamba yeye atakufa alilia mpaka nabii akarudishwa kutoka uani. Alipoambiwa habari za wanawe hakugeuza uso ukutani. Isaya alikuwa bado amesimama mbele yake, na Mungu aliyerudisha kivuli alikuwa yuleyule. Hezekia hakuomba neno hata moja.

Mrithi wake, Manase, alikuwa na miaka 12 alipotawala. Piga hesabu: alizaliwa ndani ya ile miaka 15 ya nyongeza, yapata mwaka wa tatu baada ya kupona. Mtoto wa rehema kabisa, kama wale tunaowaita Neema au Baraka. Akatawala miaka 55, mirefu kuliko ya mfalme mwingine yeyote wa Yuda, akarudisha yote ambayo baba yake aliyaondoa, akaweka madhabahu za sanamu hekaluni na kumpitisha mwanawe motoni. Biblia haisemi kwamba Hezekia hakumfundisha, na mzazi yeyote anajua kwamba mtoto hupotoka hata alipofundishwa. Ninachokiona ni kwamba kwa miaka 12 mtoto yule alilelewa katika nyumba ambayo, ajapo mgeni, alipelekwa ghalani.

Ghala lenyewe nalo halikukaa. Vitabu havipangi matukio haya kwa kufuata kalenda, na wanahistoria wengi huuweka ugeni wa Babeli kabla ya mwaka 701, kwa kuwa Merodak-Baladani hakuwa na kiti tena baada ya hapo. Mwaka 701 ndipo Senakeribu wa Ashuru alipoivamia Yuda, akatwaa miji yenye ngome, Lakishi ukiwa mmojawapo. Picha za kuangushwa kwa mji huo alizichonga kwenye kuta za jumba lake, na leo ziko London. Hezekia alitozwa talanta 30 za dhahabu na 300 za fedha. Ukichukua talanta moja kuwa kilo 30 au zaidi kidogo, hiyo ni karibu tani nzima ya dhahabu na tani tisa au kumi za fedha. Kumbukumbu za Senakeribu mwenyewe zinataja dhahabu ileile, talanta 30, ila fedha anasema zilikuwa 800. Fedha yote ya hekalu na ya hazina ya mfalme ikaenda, na haikutosha. Hezekia akabandua dhahabu iliyokuwa kwenye milango ya hekalu na miimo yake, ambayo yeye mwenyewe aliifunika, akaituma kwa Mwashuri. Yerusalemu ilipokuja kuokolewa mikononi mwa Senakeribu, haikuokolewa na kilichokuwa ghalani.

Babeli ilifika baadaye, kama ilivyosemwa. Mwaka 597 Nebukadreza alichukua hazina za hekalu na za jumba la mfalme, na mwaka 586 hekalu likateketezwa. Miongoni mwa vijana wa ukoo wa kifalme waliokwisha kupelekwa Babeli alikuwemo Danieli, aliyewekwa chini ya mkuu wa matowashi, na huyo aliishi ugenini bila ghala akawaeleza wafalme wa huko jambo ambalo wajumbe wao walikuwa wameliulizia zamani.

Nyakati haimwachi Hezekia kwenye aibu. Inasema alijinyenyekeza, yeye pamoja na wakaaji wa Yerusalemu, na ghadhabu haikuwajilia katika siku zake. Alipokufa walimzika kwenye makaburi ya wana wa Daudi, Yuda yote ikamheshimu. Na kuna mahali pengine anapotajwa, pasiposomwa sana. Karibu mwaka 609, mwanzoni mwa utawala wa Yehoyakimu, Yeremia alikamatwa kwa kusema kwamba hekalu litaharibiwa. Makuhani na manabii walitaka auawe. Ndipo wazee wa nchi wakasimama, wakawakumbusha watu kwamba Mika wa Moreshethi aliwahi kutabiri maneno mazito kama hayo katika siku za Hezekia, na Hezekia hakumuua. Alimcha Bwana, akamsihi, na Bwana akayaghairi mabaya. Hayo ndiyo waliyokuwa wamesimuliwa na baba zao juu ya mfalme huyo. Ahikamu mwana wa Shafani akasimama upande wa Yeremia, na hawakumtoa auawe.